Chombo Hubaki cha Nani Mtengenezaji Akishaondoka?

Kila mjadala kuhusu Masisi na Walikale, mashariki mwa Kongo, na vyombo vya kielektroniki huanzia mgodini, na mara nyingi huishia humohumo. Kuanzia hapo ni haki. Rubaya, katika milima ya Masisi, inakadiriwa kutoa karibu asilimia 15 ya koltani ya dunia, madini yanayotoa tantali ya kutengenezea kapasita ndogo za simu na kompyuta. Mwishoni mwa Aprili 2024 mji huo ulitekwa na waasi wa M23. Bisie, katika misitu ya Walikale, hutoa karibu asilimia 6 ya bati la dunia, na bati ndiyo malighafi kuu ya lehemu inayoshikilia vipande vya kila saketi. Ni nani anayefaidi jasho la wachimbaji hao ni swali zito, na wanaoliuliza wasichoke. Lakini lipo swali la pili ambalo karibu halina mwulizaji. Madini yale hurudi. Hurudi yakiwa simu, kicheza muziki, au kompyuta iliyokwisha kutumika Ulaya, na hufika Kirotshe, huko Masisi, kwa barabara kama bidhaa nyingine. Yakisharudi kwa sura hiyo na kulipiwa, yanakuwa mali ya nani?

Jibu la haraka ni kwamba chombo ni cha aliyekinunua. Jibu hilo halitoshi. Chombo kinachohifadhi nyimbo, picha na sauti ni chako kwa kadiri unavyoweza kutia kitu ndani yake na kukitoa bila kusubiri ridhaa ya aliyekitengeneza. Uwezo huo hauko kwenye chuma wala kwenye risiti. Uko kwenye mafaili machache ambayo watu wengi hawajui kwamba yapo: maktaba za programu, yaani vipande vya programu vilivyoandikwa mara moja ili programu nyingine zivitumie, ambavyo kazi yake ni kuiwezesha kompyuta kuelewana na chombo kilichochomekwa kwa kebo. Mafaili hayo yakiwa wazi kwa umma, chombo huendelea kuwa na mwenyewe hata kampuni iliyokitengeneza ikikisahau. Yakiwa siri ya kampuni, mnunuzi amekodi tu, na hajui kodi yake inaisha lini. Nasema pia kwamba watu wa Kirotshe wanayahitaji mafaili hayo kuliko watu wa miji ambako yaliandikwa.

Kirotshe iko kando ya Ziwa Kivu, kwenye barabara inayotoka Sake kwenda Minova, na wengi huifahamu kwa hospitali yake kuu. Kwa sehemu kubwa ya Masisi na Walikale, intaneti ni kitu cha kubahatisha: minara ya simu ni michache, umeme ni wa paneli ya jua au jenereta, vocha ni ghali ukilinganisha na kipato cha mkulima, na vita vinaponyanyuka mtandao ni miongoni mwa vitu vya mwanzo kupotea. Hata hivyo muziki haukosekani. Rumba ya Kinshasa, kwaya za makanisa, Bongo Fleva kutoka Dar es Salaam, mahubiri, vichekesho, nyimbo za harusi za Kihunde na Kitembo, vyote husafiri kwa kadi za memori, kwa flashi, kwa Bluetooth na kwa kebo. Mwenye kompyuta mahali pa kuchajia simu huwawekea wateja nyimbo kwa malipo kidogo. Hali hii haiko Kivu peke yake. Mwaka 2011 Mmarekani Christopher Kirkley alitoa mkusanyo uitwao Music from Saharan Cellphones, uliotokana na nyimbo alizozikuta kwenye kadi za memori za simu huko Kidal, kaskazini mwa Mali. Ulionyesha kwamba katika nchi kame isiyo na intaneti ya kutegemewa, kumbukumbu ndogo za simu zilikuwa soko, redio na hazina ya nyaraka kwa wakati mmoja. Mahali kama hapo, kebo inayounganisha kompyuta na simu ndiyo mtandao wenyewe.

Sasa tuangalie kinachotokea kebo inapochomekwa, kwa sababu hoja yote imesimama hapo. Zipo njia mbili kuu. Ya kwanza ni ya kukabidhi hifadhi nzima: simu au kicheza muziki hujitambulisha kama diski, huiachia kompyuta kila sehemu ya kumbukumbu yake, na kwa muda huo chenyewe hakiigusi. Njia hii ni rahisi, na ndiyo inayotumiwa na simu nyingi ndogo za vitufe pamoja na flashi zote. Ubaya wake hujulikana kila penye umeme wa kukatika: kompyuta ikizima au kebo ikichomoka katikati ya kuandika, orodha ya mafaili inaweza kuharibika na kadi nzima ikawa haisomeki. Njia ya pili ni MTP, itifaki ya kuhamishia midia. Microsoft iliitoa mwaka 2004, ikiijenga juu ya itifaki ya zamani zaidi iliyotungwa kwa ajili ya kamera za dijitali, na mwaka 2008 baraza linalosimamia viwango vya USB likaipokea kuwa kiwango rasmi. Hapa kompyuta haikabidhiwi diski. Huuliza, na chombo hujibu: ni amri zipi unazielewa, una vitu vingapi ndani, hiki kinaitwaje, kina ukubwa gani, nipe hiki, pokea kile. Chombo chenyewe ndicho kinachoandika kwenye kumbukumbu yake, kwa hiyo umeme ukikatika wimbo uliokuwa njiani hupotea, lakini vilivyokuwamo vina nafasi nzuri zaidi ya kusalimika. Google ilipoingiza MTP katika Android mwaka 2011, hii ilikuwa moja ya sababu zake: simu isilazimike kuiachia kompyuta kumbukumbu yake yote kila inapochomekwa.

Lakini mazungumzo yanahitaji pande mbili kuelewana. Chombo kinachozungumza MTP hakifai kitu mbele ya kompyuta isiyoijua itifaki hiyo. Ushahidi mzuri wa jambo hili ulitoka Ulaya bila kukusudiwa. Mwaka 2004 Tume ya Ulaya iliitoza Microsoft faini ya yuro milioni 497 na kuiamuru iuze pia Windows isiyokuwa na kicheza midia cha kampuni hiyo, ili washindani wapate nafasi. Katika matoleo yaliyofuata ya Windows hiyo, pamoja na kicheza midia yaliondolewa pia mafaili ya MTP. Matokeo yake ni kwamba mtu huchomeka simu nzima, kwa kebo nzima, kwenye kompyuta nzima, na asione faili hata moja mpaka aongeze kifurushi cha midia kilichokosekana. Hakuna kilichobadilika kwenye simu wala kwenye kompyuta kama mashine. Mafaili machache ndiyo yaliyoamua kama mwenye simu anazifikia nyimbo zake au hazifikii.

Kwa wasiotumia Windows, kazi hiyo hufanywa na maktaba iitwayo libmtp. Historia yake inafundisha. Kabla yake ilikuwapo libnjb, iliyoandikwa kwa ajili ya vicheza muziki vya kampuni ya Creative vilivyoitwa Nomad Jukebox, kwa sababu waliovinunua na kutumia mfumo endeshi wa Linux walikuwa hawana njia ya kuviunganisha na kompyuta zao. Creative na wengine walipohamia MTP, kundi la watu wa kujitolea, akiwamo mhandisi Msweden Linus Walleij, lilianza libmtp, likitumia sehemu za kazi iliyokwisha kufanywa na wanaprogramu wengine kwa ajili ya kamera. Leseni yake inamruhusu yeyote kuisoma, kuitumia, kuirekebisha na kuigawa. Ndani yake limo faili moja ambalo ningependa kila mwanafunzi wa kompyuta aliye Goma alisome: orodha ndefu ya vyombo, kila kimoja kikiwa na jina, namba ya kampuni na namba ya bidhaa. Simu nyingi za Samsung Galaxy, kwa mfano, hujitambulisha kwa namba 04e8 na 6860. Pembeni mwa namba hizo mara nyingi huandikwa kasoro za chombo: hiki hudanganya kinapoulizwa orodha ya sifa za nyimbo, kile lazima kiachiliwe na programu nyingine kwanza. Mistari mingi ya orodha hiyo ilipatikana kwa njia moja tu. Mtu fulani mahali fulani alichomeka chombo chake, hakikutambuliwa, akatuma namba zake pamoja na maelezo ya kilichoharibika. Ni elimu iliyokusanywa na watumiaji wenyewe, chombo kwa chombo, bila kusubiri viwanda viwajali.

Wapo watakaouliza kwa nini tusiwaachie watengenezaji kazi hii, maana chombo ni chao na programu ni zao. Historia inajibu. Mwaka 2007 Apple iliweka katika iPod mpya alama ya ukaguzi ndani ya faili la orodha ya nyimbo. Programu isiyo ya Apple ikiandika orodha hiyo bila alama sahihi, iPod ilidai kuwa haina wimbo hata mmoja, ingawa nyimbo zote zilikuwamo. Wanaprogramu wa kujitolea waliifumbua siri hiyo baada ya siku chache. Apple ilipoendelea kubadilisha alama, na watu wakawa wanajadiliana hadharani jinsi ya kuifumbua, kampuni ilitumia vitisho vya kisheria ili majadiliano hayo yaondolewe. Ikashitakiwa mwaka 2009, na katika mwaka huohuo ikaondoa madai yake. Microsoft nayo mwaka 2004 ilitangaza alama ya PlaysForSure, ikiwaahidi wanunuzi kwamba nyimbo zilizofungwa kwa mfumo wake zitapigika katika vyombo vya makampuni mengi. Miaka miwili baadaye ilitoa kicheza muziki chake yenyewe, Zune, ambacho hakikuzipiga nyimbo hizo, na kilichoongeza kufuli ya siri juu ya MTP ili programu za wengine zisikifikie. Mwaka 2011 Zune iliacha kutengenezwa, na mwaka 2015 huduma zake zikafungwa. Mwaka 2022 Apple ikatangaza mwisho wa iPod. Sizilaumu kampuni kwa kuacha bidhaa. Biashara ina haki ya kufunga duka. Lakini vyombo vyenyewe havikufa siku hizo. Vilibaki mifukoni na madukani, na kuanzia hapo uhai wake ulitegemea maktaba zilizoandikwa na watu ambao hakuna mwenye duka aliyewaajiri.

Hapa ndipo Kirotshe inapoingia katika kiini cha hoja. Mashariki ya Kongo hupokea kompyuta nyingi zikiwa zimekwisha kutumika kwingine. Chombo hufika kwetu pale mtengenezaji anapokaribia kukiacha au amekwisha kukiacha. Tarehe 14 Oktoba 2025 Microsoft ilimaliza msaada wa kawaida kwa Windows 10, na kompyuta nyingi duniani hazina sifa za kupandishwa hadi Windows 11. Hazijaharibika; zimekataliwa tu. Nyingi zitauzwa kwa bei ya chini, na baadhi zitafika Goma, Sake na Kirotshe. Zitaweza kuendelea kufanya kazi kwa usalama kwa miaka mingi zikiwekewa Linux, lakini kwa mwenye kibanda cha kuwekea nyimbo, kompyuta isiyoiona simu ya mteja ni bure. Kwake, swali la kama libmtp inaijua simu ile ya bei nafuu yenye kichakataji cha MediaTek ni swali la mapato ya siku. Mkazi wa Stockholm simu yake isipotambuliwa hununua nyingine, au huhamishia muziki wake kwenye huduma ya intaneti. Mkazi wa Kirotshe hana njia hizo mbili. Ndiyo maana nasema uwazi wa mafaili haya ni kama kisima: aliye na bomba nyumbani hajui thamani yake, naye aliye mbali na bomba hukitegemea kila siku.

Pingamizi zito kuliko yote si la kitaalamu. Mtu anaweza kusema: katika eneo ambalo maelfu kwa maelfu wamekimbia makwao, ambako hospitali ya Kirotshe imepokea majeruhi wa vita, kuzungumzia mafaili ya kuunganishia vicheza muziki ni kukosa adabu mbele ya msiba. Nalichukua pingamizi hili kwa uzito wake wote, na bado naona linakosea jambo moja. Anayekimbia hubeba alichoweza kubeba, na simu ni miongoni mwa vitu hivyo. Ndani yake mna picha ya hati ya shamba, cheti cha shule cha mtoto, sauti ya mzazi aliyefariki, namba za jamaa waliotawanyika. Kwa aliyepoteza nyumba na masanduku yake, kumbukumbu ile ndogo ndiyo masalio ya karatasi na picha za familia. Kuweza kuitoa na kuiweka mahali pa pili, kabla simu haijaibiwa au kuanguka ziwani, si anasa ya watu walioshiba. Vita ndivyo vinavyoifanya haja hii iwe kubwa zaidi.

Kutokana na hilo huzuka hofu nyingine: je, uwazi hauwarahisishii wenye silaha kupekua simu za watu? Hofu hii ina msingi, kwa maana simu inaweza kumponza mwenye nayo. Lakini inachanganya vitu viwili, kufuli na lugha. Maktaba kama libmtp haivunji kufuli. Simu ya Android iliyofungwa haitoi mafaili yake mpaka mwenyewe aifungue na kuruhusu, na libmtp iko chini ya sharti hilo kama programu nyingine zote. Inachofanya ni kuhakikisha kwamba mwenyewe akisharuhusu, kompyuta yoyote inaweza kuelewana na simu yake. Anayetaka kulinda siri zake aimarishe kufuli. Kuificha lugha ya chombo hakumlindi dhidi ya mwenye bunduki anayemlazimisha kuifungua simu. Kunamzuia yeye mwenyewe tu siku anapozihitaji picha zake.

Pingamizi la tatu ni la wanamuziki, nalo linastahili jibu la heshima. Wimbo unaonakiliwa kibandani haumlipi aliyeutunga, na SOCODA, shirika la haki za watunzi nchini Kongo, haliwezi kukifikia kila kibanda cha kando ya ziwa. Hasara hiyo ni ya kweli. Ila dawa yake haiko kwenye kufunga mafaili ya kuunganishia. Maktaba ya MTP haijui inachobeba: kebo inayomwibia mtunzi wa Kinshasa ndiyo inayomchukulia kijana wa Masisi wimbo alioimba mwenyewe na kuupeleka studio ya Goma. Tena kufuli zilipojaribiwa, ziliwaumiza waliolipa. Mwaka 2008 Microsoft ilitangaza kuzima mitambo iliyokuwa ikithibitisha nyimbo zilizonunuliwa kihalali katika duka lake la MSN Music, na ni malalamiko ya wanunuzi yaliyoilazimisha kuahirisha. Aliyenakili bila kulipa hakupoteza kitu siku ile. Malipo ya wasanii yatafutwe kwa makubaliano na wenye vibanda, ambao wanajulikana na wana wateja, badala ya kumfungia kila mtu mlango wa chombo chake.

Faida kubwa ya mlango huo kuwa wazi, hata hivyo, inaonekana tukizingatia yale ambayo hayauzwi kabisa. Mwaka 1956, katika eneo la Wanyanga huko Walikale, mtambaji Candi Rureke aliisimulia, kuiimba na kuicheza tendi ya shujaa Mwindo kwa siku kumi na mbili, huku mtafiti Daniel Biebuyck na wasaidizi wake Wanyanga wakiiandika neno kwa neno. Mwaka 1969 Biebuyck pamoja na mwanaisimu Kahombo Mateene, Mnyanga mwenyewe, waliichapisha kwa Kinyanga na Kiingereza. Karatasi ile husomeka leo kwa macho tu. Haihitaji kampuni yoyote iwe hai. Tangu wakati huo utambaji, maombolezo, nyimbo za kulea watoto na mashauri ya wazee wa Kihunde, Kinyanga, Kikumu na Kitembo vimeanza kunaswa na wajukuu kwa simu zao. Kwa wingi, sauti hizo huenda zikawa hazina kubwa kuliko zote ambazo lugha hizi zimewahi kuwa nayo. Kwa udhaifu, hazina mfano, maana kila moja imo ndani ya chombo cha miaka mitatu minne, kilichotengenezwa na kampuni isiyojua hata jina la lugha inayozungumzwa ndani yake. Sauti ya mzee ikibaki humo mpaka simu ikashindwa kuwaka, itakuwa imehifadhiwa kwa muda mfupi kuliko karatasi ya 1956.

Kwa hiyo kazi iliyopo mbele yetu inajulikana, na haihitaji wafadhili wakubwa. Goma ina vyuo vinavyofundisha kompyuta, kama ISIG, ULPGL na Chuo Kikuu cha Goma. Wanafunzi wao wanaweza kuchukua simu na vicheza muziki vinavyouzwa katika masoko ya Sake, Kirotshe na Walikale, kuvichomeka kimoja kimoja, kuandika namba zake na kasoro zake, na kuzituma kwa wanaotunza libmtp. Kwa njia hiyo jina la simu inayouzwa kwetu litaingia katika orodha inayosomwa na kompyuta za dunia nzima, nao watajifunza somo la itifaki kwa kitu halisi kuliko kwa mchoro ubaoni. Wenye vibanda wanaweza kufundishwa kunakili kumbukumbu za familia na kuziweka katika miundo iliyo wazi isiyohitaji idhini ya kampuni kuisoma. Vituo vya redio na makanisa, ambayo tayari yana kompyuta na imani ya watu, yanaweza kuwa mahali pa nakala ya pili. Anayesema hatuna uwezo wa kutengeneza simu anasema kweli kwa leo. Lakini kuandika mistari ya mafaili yanayozifungua hakuhitaji kiwanda. Kunahitaji chombo mkononi, kebo, subira na kujua kusoma msimbo. Wachimbaji wa Masisi na Walikale wamekwisha kutoa sehemu yao katika kila chombo kinachofika kwetu. Kubaki wapokeaji tu pale chombo hicho kinapofundishwa kuzungumza na kompyuta ni hasara tunayojitia wenyewe, na tofauti na ile ya mgodini, hii tunaweza kuanza kuiondoa bila kuomba ruhusa ya mtu.